Ukoo wa pono umo kooni mwake

Mfupa wenyewe ni mdogo, unaenea kiganjani mwa mtoto. Niliukuta sahanini mwangu, Tanga, nikiwa darasa la tatu, siku ambayo kichwa cha pono kiliniangukia mimi baada ya wakubwa kugawana minofu. Nilikuwa nafyonza mchuzi wa nazi kwenye mashavu ya samaki, ulimi ukagusa kitu kinachokwaruza kama tupa. Nikakitoa. Kilikuwa kibao cha mfupa kilichobonyea kidogo kama mwiko, na juu yake safu kwa safu za meno yaliyobanana kama punje kwenye gunzi la hindi. Mdomo wa pono niliujua, ule uliochongoka kama wa kasuku. Meno haya hayakutoka mdomoni. Yalitoka ndani, kooni.

Bibi yangu aliutazama mfupa akasema, "Hilo jiwe lake la kusagia, mjukuu wangu. Pono anatafuna mara mbili."

Niliutia kwenye kasha la kiberiti, nikawa nakwenda nao shuleni mpaka ukapotea. Sikujua kwamba kwa zaidi ya miaka mia mbili wataalamu wamekuwa wakibishana pono ni nani, ndugu zake ni akina nani na ametoka wapi, wala kwamba kipande cha mfupa kama kile kingekuwa shahidi mkubwa katika shauri hilo. Kiswahili kina neno moja linalosimama mahali pawili: koo ni njia ya chakula, na koo ni wingi wa ukoo. Katika habari za pono, maana hizo mbili hukutana.

Spishi za pono zinazojulikana duniani ni takriban 100, nyingi kati yake katika bahari za matumbawe za joto, na pwani yetu imejaaliwa sehemu yake nzuri. Mataifa ya Ulaya yalimpa samaki huyu jina la kasuku kwa sababu ya mdomo na rangi zake. Watu wa pwani walimtazama kwa jicho jingine. Anayelala mpaka jua likamchoma mgongo huambiwa analala kama pono, na asemaye hivyo hakosei hata kidogo. Pono ni samaki wa mchana. Jua likizama hujipenyeza kwenye mwanya wa mwamba akatulia, na mzamiaji wa usiku mwenye kurunzi humsogelea mpaka karibu ya kumgusa bila yeye kushtuka.

Baadhi yao, hasa wa jenasi za Scarus na Chlorurus, hufanya jambo la ajabu kabla ya kulala. Hutoa ute kwenye tezi zilizo karibu na mashavu, wakaujenga taratibu, kwa muda unaoweza kufika saa nzima, mpaka wamezungukwa na mfuko laini unaopenya mwanga. Mtafiti Howard Winn aliuandika ujenzi huo mwaka 1955, na kwa muda mrefu ilidhaniwa kuwa mfuko unazuia harufu ya pono isimfikie mkunga anayewinda usiku. Mwaka 2011 Alexandra Grutter na wenzake walifanya jaribio kisiwani Lizard, Australia. Waliwaondolea baadhi ya pono mfuko wao polepole, bila kuwaamsha, kisha wakawaweka pamoja na vidudu vya bahari vinyonyavyo damu. Kati ya pono waliobaki wazi, zaidi ya asilimia 94 walishambuliwa. Kati ya waliokuwa na mfuko walioshambuliwa walikuwa asilimia 10 tu. Watafiti wenyewe waliuita mfuko ule chandarua cha baharini, na msomaji aliyekulia pwani, anayejua usiku usio na chandarua ulivyo mrefu, hahitaji ufafanuzi zaidi.

Wazee wetu basi walimtaja pono kwa mwenendo wake. Wasomi walianza na sura, na sura ikawazungusha.

Majina kutoka Bahari ya Shamu

Jina Scarus, ambalo ndilo kitovu cha majina yote ya kitaalamu ya pono, lilisimikwa na kijana aliyekufa kabla ya kuliona likichapishwa. Peter Forsskål alizaliwa Helsinki mwaka 1732, akasoma Sweden kwa Carl Linnaeus, yule aliyeweka utaratibu wa kukiita kila kiumbe kwa majina mawili. Mwaka 1761 aliondoka Copenhagen na msafara uliotumwa na mfalme wa Denmark kwenda Uarabuni. Alijifunza Kiarabu, akashuka pwani za Bahari ya Shamu, akawauliza wavuvi: huyu mnamwitaje? Kisha akaandika walivyomjibu. Ndiyo maana hadi leo pono mmoja anayepatikana pia kwetu anaitwa Scarus ghobban, na mwingine, mwenye uso mrefu, anaitwa Hipposcarus harid. Ghobban na harid ni maneno ya wavuvi wa Kiarabu. Katika visiwa vya Farasan, Saudi Arabia, watu hukusanyika kila mwaka karibu na mwezi wa Aprili kuwapokea harid wanaokuja makundi kwa makundi kwenye maji mafupi, na siku hizo ni sikukuu kubwa kisiwani.

Forsskål alifariki kwa malaria huko Yarim, Yemen, Julai 1763, akiwa na umri wa miaka 31. Wenzake nao walikufa mmoja baada ya mwingine, akabaki Carsten Niebuhr peke yake. Niebuhr alirudi Copenhagen mwaka 1767, na mwaka 1775 akachapisha madaftari ya rafiki yake. Humo ndimo walimo ghobban, harid, sordidus, niger na psittacus, majina ambayo mtafiti wa samaki wa Afrika Mashariki hawezi kupitisha wiki bila kuyaandika. Forsskål alikuwa akiwahifadhi samaki wake kama watu wahifadhivyo majani: aliwapasua, akakausha ngozi ya upande mmoja, akaibandika kwenye karatasi. Kurasa hizo bado ziko Copenhagen. Kila nikifikiria mkono ule wa kijana mwenye homa, ukibandika pono kwenye karatasi katika joto la Yemen, huona deni ambalo elimu ya bahari yetu inawiwa na mtu huyu na wavuvi waliomjibu maswali yake.

Lakini ngozi ikikauka, rangi hupotea. Na rangi ndiyo iliyokuja kuleta vurugu.

Samaki mmoja, majina mawili

Wengi wa pono huzaliwa majike, na wakikua baadhi yao hugeuka madume. Jike huwa na rangi iliyopoa, ya udongo, ya kijivu au ya wekundu wa tofali. Akigeuka dume, anavaa kijani cha jani bichi, buluu ya bahari kuu, waridi mdomoni na njano mkiani. Mtu akiwaweka juu ya meza moja hawezi kuamini kwamba ni spishi moja, achilia mbali kwamba yule wa pili aliwahi kuwa kama yule wa kwanza. Na hao waliowapa majina katika karne ya 18 na ya 19 walikuwa wakipokea samaki waliokufa, ndani ya pipa la pombe, Paris au London au Berlin. Waliandika kile walichokiona. Kila rangi ikapewa jina lake, mpaka majina ya pono yakafika mamia, kwa samaki ambao hawazidi mia moja au karibu na hapo.

Rejista ya watu ingeharibika vivyo hivyo kama karani angemwandika mtu upya kila abadilishapo nguo.

Ufumbuzi ulianza pale watu walipoacha kuwangojea samaki mezani, wakawafuata majini. Katika miaka ya 1950 Winn na John Bardach, wakifanya kazi Bermuda, walionyesha kwamba samaki mwekundu aliyeitwa Sparisoma abildgaardi na yule wa kijani aliyeitwa Sparisoma viride walikuwa spishi moja. John Randall, Mmarekani aliyeishi Hawaii na aliyezamia karibu kila bahari yenye matumbawe, aliandika mwaka 1963 kuhusu rangi za jike na dume katika pono, na tangu hapo orodha ikaanza kupungua. Randall, aliyefariki mwaka 2020 akiwa na miaka 95, alizitambulisha kwa elimu spishi mpya za samaki zaidi ya 800, lakini nadhani kazi yake ya kufuta majina yasiyo na mwenyewe haina thamani ndogo kuliko ile ya kuongeza mapya. Naye aliongeza vilevile. Mwaka 1983, pamoja na mwenzake, alimtambulisha pono wa Ghuba anayeitwa Scarus persicus, na mwaka 1995 akamtaja pono wa Oman, Scarus zufar, kwa jina la nchi ya Dhufar, ambako mashua zetu zilikuwa zikitia nanga misimu yote ya kaskazi na kusi.

Kwetu huku kazi ilikuwa imeshikwa na J.L.B. Smith wa Grahamstown, Afrika Kusini, yule yule aliyempa jina samaki wa kale Latimeria mwaka 1939. Yeye na mkewe Margaret walipita pwani ya Msumbiji, Tanganyika, Kenya na Unguja wakikusanya na kuchora samaki. Ni Unguja mwaka 1952 walikokutana na nahodha Eric Hunt, aliyebeba vikaratasi vyao vya kumtafuta Latimeria hadi Komoro, na mwaka ule ule Latimeria wa pili akapatikana. Miaka minne baadaye, mwaka 1956, Smith alianzisha mfululizo wa machapisho ya samaki, na toleo la kwanza kabisa alilitoa kwa pono wa magharibi ya Bahari ya Hindi. Aliamini kwamba familia yao inapaswa kuitwa Callyodontidae, jina ambalo leo halitumiki. Hata mtu aliyemfufua samaki wa miaka milioni nyingi alitatizika na pono.

Koo linasema nini

Turudi kwenye mfupa wa bibi.

Samaki wengi wana vijimeno kooni, lakini kwa pono vimekuwa mashine. Mfupa mmoja mpana uko chini, na juu yake iko mifupa miwili inayosugua mbele na nyuma, meno juu ya meno, kama mwanamke anayesaga mtama juu ya jiwe. Aristotle aliliona jambo hili kwa namna yake miaka zaidi ya 2,300 iliyopita, alipoandika kwamba pono wa bahari ya Wagiriki anaonekana kucheua kama ng'ombe. Pono hacheui. Anasaga kwa mara ya pili kile alichokibanja mdomoni, na ni lazima asage vizuri, kwa sababu hana mfuko wa tumbo. Kinachotoka kooni kinaingia moja kwa moja kwenye utumbo mrefu.

Sasa, kutokuwa na mfuko wa tumbo na kuwa na mfupa mmoja wa chini kooni si mambo ya pono peke yake. Wanayo pia samaki wa familia ya Labridae, ambayo ina mamia ya spishi, kuanzia yule mdogo mwenye mstari mweusi na buluu anayewasafisha wenzake vidudu, hadi Cheilinus undulatus, jitu lenye nundu kichwani linaloweza kufika urefu wa mita mbili. Kufanana huko kuliwafanya wataalamu waseme tangu zamani kwamba pono na Labridae ni majirani. Kila mmoja alikuwa na nyumba yake: pono katika Scaridae, wale wengine katika Labridae. Mwaka 1994 David Bellwood, mtafiti wa huko Australia, alichapisha uchunguzi mkubwa wa mifupa na misuli ya pono, akawagawa katika jenasi 10 ambazo bado tunazitumia.

Kisha vinasaba vikaanza kusomwa. Mwaka 2005 Mark Westneat na Michael Alfaro walipochora mti wa ukoo wa Labridae wote, pono hawakuonekana kwenye mti wa jirani. Walikuwa tawi ndani ya mti ule ule, na tawi lililo karibu nao ni la Cheilinus na ndugu zake. Maana yake ni nzito kwa yeyote anayejali utaratibu wa majina. Jitu lile lenye nundu lina undugu wa karibu zaidi na pono kuliko na samaki wengi ambao limekuwa likihesabiwa nao familia moja. Ukimtoa pono ukampa familia yake, umewatenga ndugu wa tumbo moja na kuwaacha binamu ndani. Ndiyo maana wengi siku hizi huwaandika pono kama Scarinae, yaani mlango mmoja ndani ya ukoo wa Labridae, ingawa wapo wanaoendelea na Scaridae kwa mazoea na kwa urahisi wa kazi. Mimi nawaunga mkono wale wa kwanza. Mazoea hayatoshi kumtoa mtu kwenye ukoo wake.

Hapo mtu angedhani koo limeshinda, na rangi imeshindwa. Lakini kuna kisa kingine, na kinatuhusu sisi wa Afrika Mashariki kuliko wote.

Nenda Mwanza au Kisumu, mpasue sato, au furu, wale samaki wadogo wa Ziwa Viktoria ambao wamezaa spishi takriban 500 katika muda wa miaka kama 15,000. Angalia kooni. Utakuta mfupa wa chini uliounganika kuwa mmoja, na meno ya kusagia. Mfupa huu unafanana na wa pono na Labridae kiasi kwamba mwaka 1982 Les Kaufman na Karel Liem waliwaweka wote pamoja, samaki wa maziwa yetu na samaki wa matumbawe yetu, katika kundi moja kubwa. Lilikuwa wazo zuri. Vitabu vikalifundisha. Mwaka 2007 Kohji Mabuchi na wenzake wa Japani wakapima vinasaba, na udugu ule ukavunjika: sato na pono wamepata mfupa ule kila mmoja kwa njia yake, kwa sababu maisha yaliwahitaji kusaga. Uchunguzi uliofuata ulimweka sato karibu na mkizi kuliko na pono.

Kwa hiyo koo nalo linaweza kudanganya. Mfupa mmoja unaweza kuzaliwa mara mbili, kama majina mawili ya watoto wa nyumba tofauti yanavyoweza kufanana. Anayetafuta ukoo humsoma samaki mzima, mfupa kwa mfupa na kinasaba kwa kinasaba, na hata hivyo hukubali kusahihishwa.

Ngazi iliyo juu ya meza

Pono hawa wametoka wapi? Katika miamba ya Monte Bolca, kaskazini mwa Italia, kuna visukuku vya samaki wa matumbawe wa miaka kama milioni 50 iliyopita. Wa ukoo wa Labridae wapo. Pono mwenye kinu chake hayupo. Lakini katika mawe ya chokaa ya Austria, nchi ambayo leo haina hata ufuko, kumepatikana kisukuku cha miaka kama milioni 14 ambacho Bellwood na mwenzake walikitambulisha mwaka 1991 kuwa ni Calotomus preisli. Ni jenasi ile ile ya Calotomus ambayo wavuvi wetu wanaileta sokoni asubuhi hii. Wakati wake, bahari ya joto ilifunika sehemu ile ya Ulaya.

Na asiyeweza kwenda Austria anaweza kuona mageuko kwenye meza ya muuza samaki. Mtazame Calotomus mdomoni: meno yake bado yanahesabika, yamepandana kama vigae vya paa. Mtazame Scarus: meno yameshikana kuwa mdomo mmoja wa kasuku, mshono wa katikati tu ndio unaobaki. Hatua ya kutoka meno mengi hadi mdomo mmoja, iliyochukua mamilioni ya miaka, imelala hapo kwenye barafu, samaki kando ya samaki. Mdomo wenyewe ni wa kustaajabisha. Watafiti wa Marekani waliochapisha matokeo yao mwaka 2017 walikuta kwa pono mmoja wa Pasifiki meno kama 1,000 katika safu zipatazo 15, na ndani ya kila jino fuwele zimesukwa kwa kupishana, mithili ya miyaa kwenye mkeka. Meno hayo ni magumu kuliko shaba, fedha na dhahabu.

Jambo moja lilinishangaza niliposoma kazi za mti wa ukoo. Mtu angetarajia kwamba mara pono walipopata mdomo na kinu, spishi zingefumuka mara moja. Haikuwa hivyo. Alfaro na wenzake walionyesha mwaka 2009 kwamba ufumukaji ulikuja baadaye, ndani ya jenasi mbili tu, Scarus na Chlorurus, ambazo leo zina zaidi ya nusu ya pono wote. Mwaka huo huo wengine walitoa hoja kwamba sababu mojawapo ni uchaguzi wa wenza: madume wenye rangi kali, wanaolinda majike wengi, na majike wanaochagua rangi. Kama hoja hiyo ni sahihi, basi rangi iliyowapoteza wataalamu kwa karne mbili ndiyo iliyowazaa samaki wenyewe kwa wingi wao.

Bahari nayo ilifanya kazi yake. Zama za barafu maji yalishuka, mara ya mwisho kama mita 120 chini ya kiwango cha leo, na nchi kavu ya Asia ya kusini mashariki ikajitokeza, ikabana mlango kati ya Bahari ya Hindi na Pasifiki. Ndugu wakatenganishwa. Harid wa kwetu ana mwenziwe wa Pasifiki, Hipposcarus longiceps. Yule pono mkubwa wa kijani wa Unguja na Mafia, Chlorurus strongylocephalus, ana ndugu mmoja Bahari ya Shamu, gibbus, na mwingine Pasifiki, microrhinos, ambaye ndiye mwenye yale meno ya maabara. Na sordidus wa Forsskål, aliyedhaniwa kuwa samaki mmoja kuanzia Mombasa hadi Hawaii, sasa amegawanywa wawili, yule wa Pasifiki akirudishiwa jina la spilurus.

Anakula nini basi huyu mwenye vinu viwili? Tulifundishwa kwamba wengine wanakula mwani na wengine matumbawe. Mwaka 2016 Kendall Clements na wenzake walileta hoja kwamba chakula kinachotafutwa hasa ni viumbe wadogo mno, wenye protini nyingi, wanaoishi juu na ndani ya jiwe, na kwamba kubanja na kusaga jiwe ndiyo njia ya kuwafikia. Jiwe lililosagwa hutoka likiwa mchanga. Bolbometopon, pono mkubwa kuliko wote, anayefika urefu wa mita 1.3, husaga zaidi ya tani tano za mwamba kwa mwaka. Katika kisiwa cha Vakkaru, Maldives, watafiti walikadiria mwaka 2015 kwamba zaidi ya asilimia 85 ya mchanga mpya unaotoka kwenye mwamba wake umetengenezwa na pono. Mchanga mweupe tunaoutandazia mkeka kupunga upepo jioni umepita, kwa sehemu isiyo ndogo, kwenye koo lile.

Si kila pono hufanya hivyo. Chlorurus huchimba, huacha alama za meno mwambani. Scarus hukwangua juu juu. Na yuko Leptoscarus vaigiensis, mwembamba, wa kijani kilichofifia, ambaye haishi mwambani. Yeye ni wa kwenye nyasi za bahari, na huzifuata hizo pamoja na mwani. Ndiye huyu anayeingia kwa wingi kwenye madema yetu. Tena yeye habadili jinsia: jike hubaki jike na dume hubaki dume. Ukivua wa nyasini, hujapunguza mchimbaji hata mmoja. Ukiwamaliza wachimbaji, hakuna wa nyasini atakayeshika kazi yao. Lakini wote tunawaita pono, na kwenye hesabu za bahari nimewaona mara nyingi wakijumlishwa kwenye mstari mmoja.

Mwezi uliopita nilirudi Tanga, nikashuka sokoni asubuhi maji yakiwa yamekupwa. Nilinunua wawili, mmoja wa nyasini na mmoja wa buluu kutoka mwambani, nikamwomba mzee anayepara samaki anipasulie mbele yangu. Utumbo wa kwanza ulitoa ujiuji wa kijani. Wa pili ulitoa uji mweupe, mzito, kama chokaa iliyokorogwa. Akaingiza kidole nyuma ya mashavu, akaivuta mifupa miwili ya koo, akaiosha kwa maji ya ndoo na kuipanga juu ya ubao. Ule wa nyasini ulikuwa mwembamba. Ule wa mwambani ulikuwa mwiko ule ule wa sahanini mwangu.

"Huyu mla majani, huyu mla mawe," akasema. "Mdomo usikudanganye, mwanangu. Hapa kooni ndipo unapowajua."

Kijana wa mizani aliwachukua wote wawili kwa pamoja, akawatia kwenye sahani ya chuma, akaandika daftarini: pono, kilo mbili na robo.